Mali ya Mjerumani inatumalizia urithi wa Kondoa

Mhariri, salaam. Naomba nafasi kwenye ukurasa wako wa barua, mimi ni mzaliwa wa Kondoa na kwa sasa naishi hapa Dodoma mjini, na hili jambo limenikaa moyoni toka mwaka jana.

Nilienda nyumbani kwenye msiba, ilikuwa baada ya mavuno, nikakuta baba yangu mdogo kauza ng'ombe wawili. Nauliza za nini hela, naambiwa za mali ya Mjerumani, yaani dhahabu inayosemekana Wajerumani waliifukia huku. Kuna watu walikuja na pikipiki, mmoja anaitwa mtaalamu, wana kimashine cha kupimia na karatasi chakavu wanasema ndo ramani, wakamwambia kwenye lile jiwe la juu ya shamba letu kuna sanduku la rupia za dhahabu, hela ya enzi za Mjerumani, yeye atoe hela ya chakula na ya vibarua alafu mkija kupata mnagawana. Wakachimba siku nne wakatoka patupu. Mtaalamu akasema mali imehama, inadai kafara ya mbuzi mweusi, mbuzi akaliwa, kesho yake hawakuonekana tena na simu haipatikani.

Ng'ombe watazaliwa wengine. Lakini chini ya lile jiwe kuna michoro ya kale. Tulipokuwa wadogo tunachunga tulikuwa tunajikinga mvua pale, kuna twiga mwekundu na watu warefu wembamba, kila mtoto alikuwa na mtu wake kampa jina. Sasa hivi ukuta wote masizi maana vibarua walikuwa wanapikia humo humo, na upande wa chini wameparua na sururu kabisa kwa sababu mtaalamu alisema ile michoro ni alama, eti Mjerumani ndo alichora ili akirudi akumbuke alipofukia.

Jamani, Mjerumani nchi hii hajatawala hata miaka 40! Ile michoro ya Kondoa ina zaidi ya miaka elfu mbili, mababu walioichora walikuwa wawindaji, mtafiti wa mambo ya kale Mary Leakey alikaa huku mwaka 1951 akiinakili pango kwa pango, na mwaka 2006 UNESCO wakaiingiza kwenye urithi wa dunia, mapango zaidi ya 150. Kwenye shamba la baba mdogo watu wanaigonga na sururu.

Na mimi sikatai kwamba dhahabu ya Mjerumani ilikuwepo, uvumi huu haukutoka hewani. Ilikuwa inachimbwa Sekenke, huko Iramba mkoa wa Singida, na mwaka 1916 wakapiga sarafu za dhahabu za rupia 15 pale Tabora kwenye karakana ya reli, zina picha ya tembo. Lakini angalieni kwa nini walizipiga. Vita ya Kwanza ya Dunia ilikuwa imewabana, meli haziji, hela kutoka kwao haifiki, mpaka senti ndogo wakawa wanatengeneza na shaba ya chakavu, mpaka maganda ya mizinga wanayeyusha. Mtu aliyefikia kuyeyusha maganda apate senti, huyo ndo ataacha masanduku ya dhahabu kwenye kila jiwe la Kondoa? Mwaka huo huo mwezi wa 4 majeshi ya Waingereza na Makaburu yakaingia Kondoa, mwezi wa 5 Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, akaja kupigana nayo pale pale, na mwezi wa 7 Dodoma nayo ikawatoka. Zile sarafu zilipigwa zilipe watu, na waliolipwa waliondoka nazo mfukoni.

Hata Mungomi wa Kolo wamechimba, pango la michoro ambapo wazee wa Kirangi wanaenda kufanya tambiko mpaka leo. Hapo ndo nashindwa kuelewa kabisa, mtu anachimba mahali ambapo babu yake anaombea mvua.



Ombi langu ni kwa wenyeviti wa vijiji, maana mtaalamu akifika kijijini huwa anapita kwao kwanza. Sheria ya Mambo ya Kale ipo toka mwaka 1964 na inakataza kuchimba maeneo haya bila leseni, kwa hiyo mtu akija na ramani yake muulizeni leseni, hana, mpelekeni polisi, msipokee elfu kumi ya soda mkanyamaza. Na redio zetu za huku ziliseme hili mwezi wa 6 na wa 7, watu wakiwa wameuza mazao na wana hela mkononi, maana hapo ndo wanakuja.

Na kama pango la kwenu limeshaingia masizi kama la kwetu tafadhali msilioshe. Mdogo wangu alishachota maji ya sabuni na brashi nikamkimbilia nikamzuia, ungeondoka moshi na twiga pamoja. Waambieni watu wa mambo ya kale, ofisi yao ipo pale Kolo barabarani, sisi tumeshaenda na tunawasubiri waje waone.

Mzaliwa wa Kondoa,
Nkuhungu, Dodoma