Histoni si za kukariri tu

Njoro, Nakuru

Mpendwa Achieng,

Salamu nyingi kutoka huku. Natumai joto la Kisumu halijakushinda na masomo yanaendelea vyema. Sisi tu wazima, mvua imenyesha ya kutosha na minji imebeba vizuri.

Barua yako nilianza kuijibu kichwani hata kabla sijaimaliza. Eti histoni, zile protini zinazoifunga DNA ndani ya seli, ni za kukariri, upite mtihani, uzisahau! Hapana, dada yangu. Hapo sikubaliani nawe hata kidogo, na acha nikuonyeshe kwa histoni moja tu, H4.

Mwanzo unaujua. DNA, ule uzi wenye maelekezo ya urithi, ya seli moja ya mwanadamu ikinyooshwa inafika karibu mita 2, nayo inakaa ndani ya kiini chenye upana wa mikromita chache. Inaenea kwa sababu imezungushwa kwenye histoni: H2A, H2B, H3 na H4, mbili mbili, jumla 8, na jozi 147 za herufi za DNA kwa kila kifungu cha histoni hizo 8. DNA ina chaji hasi, histoni zina chaji chanya, basi zinashikana.

Sasa H4. Ni protini fupi, asidi amino 102, yaani vipande vidogo vinavyoungana kuwa protini. Mwaka 1969 watafiti wa Marekani walitoa matokeo ya kulinganisha H4 ya ndama na ya minji, ndiyo, minji hii hii tunayoiambua jikoni. Tofauti zilikuwa mbili tu. Nafasi ya 60 ndama ana valini, minji ina isolusini. Nafasi ya 77 ndama ana lisini, minji ina arginini. Na hata hizo zinakaribiana kitabia, maana lisini na arginini zote zina chaji chanya. H4 yako wewe na ya huyo ndama hazitofautiani popote, Achieng! Na mzazi wa pamoja wa ng'ombe na minji aliishi zaidi ya miaka bilioni 1 iliyopita.

Usidhani DNA yenyewe ndiyo imegoma kubadilika. Binadamu tuna jeni, yaani vipande vya DNA vyenye maelekezo ya protini, zaidi ya 10 za H4, nyingi kwenye kromosomu ya 6, nyingine kwenye ya 1 na ya 12. Herufi zake zimepishana hapa na pale, lakini karibu zote hutoa protini ile ile. Mabadiliko hutokea, yanayoigusa protini ndiyo hayadumu. Kwani H4 ina nafasi gani ya bure? Huku imeshika DNA, huku H3, huku H2B, na mkia wake umetokeza nje, ambako vimeng'enya huweka na kuondoa asetili, kikundi kidogo cha kemikali, ili jeni za jirani zisomeke au zinyamaze.

Kuwa na jeni nyingi hivyo nako kuna sababu. Seli inayojiandaa kugawanyika hunakili DNA yake yote kwa saa chache, na nakala mpya inahitaji histoni papo hapo. RNA za histoni hizi, yaani nakala za jeni ambazo seli huzisoma kutengeneza protini, hazina ule mkia wa adenini (herufi A ikijirudia) ulioufundishwa. Zinaishia kwa kitanzi kilichojikunja. Kazi ya kunakili ikiisha, zinavunjwa upesi, maana histoni za ziada huidhuru seli. Mimi napenda sana mpango huo.

Na wewe unayesomea kazi ya maabara, hili likuguse. Mwaka 2012 iligunduliwa kwamba watoto wengi wenye saratani ya shina la ubongo wana herufi moja iliyobadilika katika jeni ya H3, lisini ya 27 ikawa methionini. Herufi moja! Leo kipande cha uvimbe hupimwa kwa kingamwili inayolitambua badiliko hilo hilo, na anayekipima ni mtu wa maabara.

Likizo ukija, beba daftari lako tuipitie mada yote. Nisalimie mama na nyanya, na uniandikie mapema.

Wako,
Chebet