Mnyama mzee kwenye dunia ya wiki tatu?

Ndugu Mhariri,

Shikamoo kama umenizidi, kama hujanizidi basi mambo. Nafundisha baiolojia sekondari huku Bagamoyo, naandika kuhusu ile hadithi yenu ya Mpasuko ya kila Jumapili, maana Jumatatu vijana wanaanza nayo kabla hata sijafuta ubao.

Kwa ambao hawaifuatilii, kuna ufa umetokea angani huko kupita Mirihi, ukifunguka unatema kiputo kikubwa chenye hewa, maji, udongo na viumbe wa ajabu ajabu, kinadumu wiki tatu tu halafu kinajikunja na kupotea na kila kilichomo, sasa wanaanga wanaingia humo kuchukua sampuli huku muda unawakimbiza. Wazo tamu, sina ugomvi nalo kabisa. Ugomvi wangu ni lile dude la Jumapili iliyopita. Eti lina kovu la vita vya zamani, lina watoto linawalinda, na limeshakula watu wawili. Jamani, vita vya zamani vya lini wakati dunia yenyewe ina siku tisa tangu itemwe? Mwindaji mkubwa hivyo anahitaji muda wa kukua na anahitaji mawindo yaliyozaana vizazi na vizazi, huyu kavipatia wapi? Na mwandishi asije akaniambia ni hadithi tu, sheria ya wiki tatu kaiweka yeye mwenyewe, hakuna aliyemlazimisha.

Mbona mfano upo hapa hapa pwani. Masika ikikolea, madimbwi ya huku Bagamoyo na upande wa Ruvu yanajaa maji na ndani yake unakuta visamaki havizidi kidole, madume yana rangi kali utadhani yamepakwa. Wataalamu wanaviita Nothobranchius, Unguja wana wa kwao kabisa anaitwa guentheri. Dimbwi likikauka vyote vinakufa, hakibaki hata kimoja, ila mayai vilishayafukia kwenye tope na yanalala humo kiangazi kizima, hayaoti wala hayafi, mvua ikirudi yanaanguliwa mbio zinaanza upya. Ndugu yao wa Msumbiji na Zimbabwe, furzeri, watafiti wamemkuta porini yuko tayari kuzaa akiwa na siku 14 tangu aanguliwe. Siku 14! Kuku wa kisasa umri huo bado kifaranga. Na anazeeka kwa kasi hiyo hiyo, ndiyo maana maabara za Ulaya na Marekani zinamfuga kuchunguza uzee.

Sasa kiumbe wa kwenye kiputo alitakiwa awe wa namna hiyo, mdogo, ana haraka, hana muda wa kulea mtu. Kama mwandishi anang'ang'ania kitu kikubwa sawa, chini ya bahari ya Pasifiki kuna chemchemi za maji moto, mwaka 1991 volkano ililipuka pale ikaunguza kila kitu, na kabla ya mwisho wa 1993 kulikuwa na minyoo ya mita moja na nusu imeota. Ila hiyo minyoo haina mdomo wala tumbo, inalishwa na bakteria walio ndani ya mwili wake, imesimama pale pale kwenye mwamba. Haimkimbizi mtu.

Halafu hofu yenyewe mwandishi kaipita bila kuiona. Wanaanga wametoka, kiputo kimejikunja, wanashangilia wamepona, na kule chomboni kuna vikopo vya tope kavu vimepangwa, wamevipima kwa darubini hakuna kinachotembea, wakaandika hamna kitu. Mtu anapita na kikombe, anamwaga maji mezani. Mi hapo ningefunga sehemu, niwaache watu na roho juu wiki nzima. Na isionekane natunga tu, kuna kijidudu jamii ya usubi huko Nigeria, kiluwiluwi chake kimewahi kukaa kikavu miaka 17 kikalowekwa kikaamka, na mwaka 2007 wale wadudu wadogo wanaoitwa dubu-maji walipelekwa juu wakakaa siku 10 kwenye utupu wa anga, waliporudi wengine wakaendelea na maisha na kutaga wakataga.

La mwisho ni yule kapteni kubana pumzi na kuelea kutoka kwenye kiputo mpaka chomboni bila vazi la anga. Hili mlifute kabisa kabla mtoto hajaliamini. Kwenye utupu ukibana pumzi ndiyo unapasua mapafu. Fundi mmoja wa Marekani bomba lake la hewa lilichomoka akiwa kwenye chumba cha majaribio kule Houston mwaka 1966, alizimia kama sekunde 14 tu zimepita, na kitu cha mwisho alichokumbuka ni mate kuanza kuchemka ulimini. Yeye walimrudishia hewa haraka akapona. Wanaanga watatu wa Kisovieti waliokuwa kwenye chombo cha Soyuz 11 hawakupata bahati hiyo, mwaka 1971 wakiwa njiani kurudi valvu ilifunguka huko juu, hawakuwa wamevaa mavazi ya kuwakinga, chombo kikatua vizuri kabisa na wote watatu wameshakufa. Kiputo kikianza kuvuja hewa hakuna haja ya dude lenye meno, hewa yenyewe kuondoka inatosha kuua kikosi kizima.

Basi mfikishieni mwandishi, simchukii, nanunua gazeti kwa ajili yake. Na asithubutu kumuua yule dada fundi mitambo wa kwenye hadithi, darasa langu lote liko upande wake na watanisumbua mimi.

Wako msomaji,
Mwalimu wa baiolojia, Bagamoyo