Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka: Tulikofikia Katika Historia ya Kwaya Yetu

Ndugu wanachama, mbukwenyi! Wazee wetu, shikamooni.

Mambo ya kawaida nitayapitia haraka, maana mhazini atasoma mahesabu baada yangu na katibu anayo orodha ya mahudhurio. Mazoezi hayakusimama, sare mpya zimelipiwa, na kinanda kimetengenezwa. Tumezika wenzetu mwaka huu. Naomba tusimame kimya kwa ajili yao kabla sijaendelea.

Ahsanteni. Tukae.

Kazi iliyotushughulisha kuliko zote ni ile mliyotutuma: kuandika historia ya kwaya hii. Ilianza lini, nani waliianzisha, waliimba nini. Karatasi ni chache mno. Ofisini hakuna hata muhtasari mmoja wa kikao cha miaka ya mwanzo, na sababu zake wengi wenu mnazijua. Mambo ya kwaya yalitunzwa majumbani, na nyumba zenyewe zilikuwa tembe. Mvua ikipenya paa la udongo, mchwa nao wakiingia sandukuni, karatasi haidumu. Kisha mwaka 1971 ikaja Operesheni Dodoma, watu wakahamia vijiji vya ujamaa. Familia iliyokuwa ikihamisha watoto, mtama na mifugo haikuwa na nafasi ya mafaili ya kwaya.

Upande wa kanisa nako tumepekua. Wamisionari wa CMS, chama cha umisionari cha Kianglikana cha Uingereza, walifika Mpwapwa tangu miaka ya 1870, na taarifa zao zilikwenda Uingereza. Dayosisi ya Central Tanganyika ilipoundwa mwaka 1927 chini ya Askofu George Chambers, aliyetoka Australia, barua nyingi zikaanza kuelekea Australia. Katika zile tulizoweza kusoma, mwandishi anahesabu shule, wagonjwa na waliobatizwa. Kuhusu uimbaji anasema watu waliimba vizuri, basi, anahamia jambo lingine. Majina ya waimbaji hayamo.

Kwa hiyo tukaenda kwa wazee, na huko ndiko tulikopata chakula.

Baadhi yenu mmependekeza tuandike kwenye bendera kwamba kwaya ilianzishwa 1927, pamoja na dayosisi. Naelewa hamu hiyo, lakini siungi mkono. Wazee waliohojiwa mmoja mmoja, bila kukaa pamoja, wamesema jambo lile lile: waasisi wetu walikuwa watoto wa Mtunya. Kwa vijana ambao hawajasikia, Mtunya ni njaa kuu ya Ugogo ya 1917 hadi 1920, baada ya majeshi ya Wajerumani na ya Waingereza kuchukua ng'ombe, nafaka na wanaume wa kubeba mizigo, kisha mvua ikakosa. Aliyezaliwa katika njaa ile, mwaka 1927 alikuwa mtoto wa kuchunga ndama. Hakuwa mwalimu wa kwaya. Upande wa pili, wapo mama zetu wanaokumbuka kuimba katika kwaya hii usiku wa Uhuru, Desemba 1961, nao waliikuta ikiwa na walimu wake na taratibu zake. Hivyo mwanzo wetu uko kati ya miaka ya mwisho ya 1930 na miaka ya 1950. Napendelea tuandike hivyo hivyo, kuliko kuchonga mwaka mmoja unaopendeza machoni.

Sasa niseme habari ya daftari, maana ndilo lililonifurahisha mwaka mzima. Lilitoka chini ya sanduku la bati la marehemu mmoja, na familia yake imetukabidhi kwa moyo mweupe. Jalada la nyuma lina jedwali la ratili na yadi, kwa hiyo lilichapishwa kabla nchi haijahamia kilo na mita. Ingawa daftari laweza kukaa dukani miaka kabla ya kununuliwa, kwa hiyo tusilitegemee peke yake. Ndani kuna nota za solfa, zile za herufi za do, re, mi, kwa penseli, sauti nne, mstari chini ya mstari, na maneno ya Cigogo chini yake. Jina la mtunzi halipo, wala jina la kwaya.

Tulijuaje kwamba ni la kwetu? Bibi mmoja aliyeimba sauti ya pili ujanani, ambaye hakuwahi kuliona daftari hilo, aliombwa aimbe wimbo wowote wa zamani anaoukumbuka. Akaimba, na katibu akafuata kwa kidole. Sauti ya pili ilikuwa ile ile, nota kwa nota, isipokuwa mahali pamoja ambapo bibi alishuka kidogo chini ya nota iliyoandikwa. Pale pale mwandishi ameweka mshale mdogo unaoelekea chini. Wagogo wana ngazi yao ya sauti, mnaisikia kwenye zeze na ilimba, kile chombo cha vijiti vya chuma vinavyopigwa kwa vidole gumba, na haikai sawasawa na kinanda. Mwalimu yule alijua kwamba herufi za solfa hazitoshi, akaweka alama ili waimbaji wake wasinyooshe wimbo wao. Nawaombeni walimu wetu wa sasa waufundishe wimbo huo na mshuko wake.

Kamati inaleta maombi mawili mbele ya mkutano. La kwanza, mkutano ukubali bendera isiandikwe mwaka wa kuanzishwa kwa sasa. La pili, kila mwenye picha, kanda ya kaseti, risiti, barua au daftari, hata likiwa limeliwa nusu, alilete kwa katibu Jumamosi kabla ya mazoezi. Litapigwa picha mbele yako na utarudi nalo nyumbani siku hiyo hiyo. Picha zenye watu tunazihitaji zaidi wakati huu ambapo wapo wanaoweza kuwataja waliosimama mstari wa nyuma.

Namkaribisha mhazini.