Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Kitabu Chetu cha Picha za Bagamoyo na Mlango Uliogeuzwa

Ndugu wanachama, wazee wetu, na wenzetu mlio mbali mtakaoisoma taarifa hii kwenye simu,

Assalaam alaykum. Tumsifu Yesu Kristo. Poleni na pilikapilika za mwaka mzima.

Naanza na swali nililoulizwa sokoni, kwenye daladala, na mara moja hata msibani: kitabu kiko wapi? Mwaka jana nilisimama mbele yenu nikasema kabla ya masika kitakuwa mkononi. Masika yamekuja yakapita, mvua za vuli nazo ndizo hizi, na kitabu hakijatoka. Ahadi niliitoa mimi wala sikutumwa na kamati, kwa hiyo lawama iishie kwangu. Ninachoomba ni msikie kwanza kilichotokea, halafu ndiyo mnihukumu.

Prufu, yaani nakala ya majaribio ya kitabu, ilitufikia mwanzoni mwa mwaka. Tulikaa barazani kwa mwanachama mwenzetu, kahawa na kashata pembeni, tukawa tunapitisha kurasa mkono kwa mkono. Kila mtu alikuwa anasifu. Tukafika kwenye ule mlango wa nakshi tuliokuwa tukijivunia kuliko picha zote, umewekwa kurasa mbili nzima: maua yamechongwa mpaka unaona ncha ya patasi ilipopita, mnyororo umezunguka miimo, na kizingiti cha juu kimejaa maandishi. Mzee wetu aliyesomesha madrasa miaka mingi akavaa miwani, akainama, akakaa kimya muda mrefu. Kisha akaniuliza, "Mwenyekiti, huu mlango kauandika nani, majini?"

Tukacheka. Yeye hakucheka. Alitia kidole kwenye kizingiti: maandishi ya Kiarabu yalikuwa yanakimbia kutoka kushoto kwenda kulia, kama unayasoma kwenye kioo. Mpangaji kurasa alikuwa ameigeuza picha ili mlango utazame katikati ya kitabu. Kwake ulikuwa urembo tu, na wala simlaumu sana, maana hakuna aliyemwambia kwamba juu ya mlango pana maneno ya mtu, na maneno yenyewe ni jina la Mwenyezi Mungu.

Kuanzia hapo tukaacha kusifu, tukaanza kukagua. India Street ilikuwa imegeuzwa vilevile. Nyumba ya jirani yangu ilikuwa imehamia ng'ambo ya barabara, na bahari imekwenda upande wa Msata, yaani bara. Jahazi moja lilikuwa na namba ya usajili isiyosomeka duniani. Rangi nazo: kuta za chokaa zilitoka na umanjano kama samli. Tulizungusha kalamu nyekundu mpaka ikaisha wino.

Kiwanda cha uchapaji kilitaka tusahihishe picha zilizogeuzwa tu ili kazi iendelee. Wajumbe watatu wa kamati walikubaliana nao, na sababu zao zilikuwa nzito, kwani malipo ya awali yalikwishatoka na wafadhili wetu walikuwa wanapiga simu. Mimi nilikataa. Usiku ule nilikuwa nimesoma maelezo ya picha, moja baada ya jingine, nikaona kwamba mlango uliogeuzwa ulikuwa ndio kosa dogo.

Nieleze. Picha zilipigwa na vijana wetu wanaojua kazi. Pwani yetu inatazama mashariki, kwa hiyo nyuso za majengo yaliyo mbele ya bahari zinapata jua asubuhi, na alasiri zinabaki gizani. Vijana wamekuwa wakitoka saa kumi na moja alfajiri tangu mwaka juzi. Lakini maelezo tuliyaokota huku na huku, kwenye vibao na vipeperushi vya watalii, na mengine kwa kubahatisha. Sura nzima ilikuwa inaitwa "Magofu". Ndani yake palikuwa na magofu ya Kaole, na hiyo ni sawa: msikiti wa kale wa karne ya 13 na makaburi ya mawe, moja lina nguzo yenye mashimo palipopachikwa mabakuli ya Kichina. Lakini sura hiyohiyo ilikuwa na nyumba tano za Mji Mkongwe wa Bagamoyo ambazo watu wanaishi ndani yake hivi leo.

Nilikwenda mwenyewe kwenye mojawapo na prufu mkononi. Mwenye nyumba ni bibi wa makamo ya mama yangu. Aliitazama picha ya nyumba yake, akauliza juu pameandikwaje. Nikamsomea. Akanishika mkono mpaka jikoni, akafunua sufuria. Mchuzi wa papa ulikuwa unachemka. "Haya mwanangu," akasema, "gofu linapika?"

Sikuwa na jibu, na sina mpaka leo.

Siku hiyo nilikaa kwake hadi magharibi, na niliyojifunza pale sasa ni kurasa sita za kitabu. Nyumba imejengwa kama nyingi za mtaa ule: mawe ya matumbawe, udongo na chokaa, dari ya boriti za mikoko. Vyumba ni virefu na vyembamba, maana upana unaamuliwa na boriti, na boriti ya mkoko haizidi sana mita tatu. Miaka kadhaa iliyopita wanawe walimpigia lipu ya saruji mbele yote, kwa mapenzi kabisa, ili mama apendeze. Baada ya misimu michache lipu ikavimba. Fundi wetu wa chokaa, ambaye nilimwita kwa simu akaja na baiskeli yake, aliigonga kwa kifundo cha kidole tukasikia uwazi nyuma yake. Alivyotueleza ni hivi: ukuta wa matumbawe unanywa unyevu kutoka chini na kutoka hewani, na chokaa inauachia utoke. Saruji inauziba. Maji yanabaki ndani na chumvi yake, yanasukuma, na siku lipu inapoanguka inaondoka na chokaa ya zamani mgongoni. Kwingine maji yanatafuta njia yanaishia kwenye vichwa vya boriti vilivyozama ukutani, na boriti inaoza pale usipopaona, mpaka dari inashuka.

Kwa hiyo ile picha tuliyoipenda kwa sababu ya "uzuri wa kuta zilizochakaa", maneno yetu hayo, ilikuwa picha ya ugonjwa. Tumeiacha kitabuni. Pembeni tumeweka picha ya mkono wa fundi ukiwa kwenye ukuta, na maelezo yake kwa maneno yake.

Maelezo ya pale Misheni ya Kikatoliki nayo tumeyaandika upya karibu yote. Mnaujua mbuyu wa mapadri, ule uliopandwa mwaka 1868, mwaka misheni ilipoanzishwa. Kwenye shina kuna pingili za mnyororo zilizomezwa na mti, kumebaki kipande kifupi tu nje. Maelezo yetu ya kwanza yalisema "mnyororo wa watumwa". Inavyosimuliwa palepale Misheni, mnyororo ulikuwa wa kufungia punda. Nawajua wageni, watasikitika kidogo kusikia habari ya punda. Historia ya utumwa katika pwani hii ni kubwa na ya kweli, haina haja ya kuazima punda wa mtu.

Hali kadhalika ule mnara wa kanisa la zamani. Sote tunaambiwa Februari 1874 mwili wa David Livingstone ulilazwa pale usiku mmoja kabla ya kuvushwa kwenda Unguja. Maelezo yetu yalimtaja yeye na mapadri. Chuma na Susi, waliotembea na wenzao kutoka Zambia ya leo wakiwa wamembeba maiti miezi yote ile, hawakuwamo. Sasa wamo, na wametangulia.

Kuhusu picha za zamani: tumetumia zile za Hifadhi ya Picha za Kikoloni iliyoko Chuo Kikuu cha Frankfurt, pamoja na za mpiga picha Mjerumani Walther Dobbertin zilizoko kwenye hifadhi ya nyaraka ya Ujerumani, ambazo nyingi zinaonekana mtandaoni. Vijana walitafuta aliposimama mpiga picha wa wakati ule, wakasimama hapohapo. Ni kazi ya kuchosha kuliko inavyosikika; mara mbili walijikuta ndani ya banda la mbuzi. Ila utakapoiona Boma ya mwaka 1897, jengo la utawala la Wajerumani, ilivyokuwa na ilivyo, ukurasa huu na ule, utawasamehe ucheleweshaji. Kuna jambo limenikera katika zile za zamani: jengo lina jina, gavana ana jina, watu waliosimama mbele yake wameandikwa kabila tu, au hawakuandikwa kabisa. Tumejaribu kuwatambua kwa kuwapelekea wazee. Tumefanikiwa kidogo sana, tulichelewa miaka hamsini.

Wapo waliouliza kwa nini tumeuondoa ukurasa mzima wa maana ya jina Bagamoyo. Tumeuondoa kwa makusudi. Wapo wasemao ni moyo wa mpagazi uliotua baada ya miezi ya njiani kutoka Unyamwezi, na wapo wasemao ni moyo wa mtumwa uliokata tamaa. Tumeziandika zote mbili kwa sentensi mbili, tukasonga mbele. Mabishano yenyewe yana raha zaidi barazani.

Jambo la sheria, kwa ufupi, kwa sababu wengi hamlijui na mimi pia sikulijua. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inalinda moja kwa moja majengo ya kabla ya 1863. Ngome Kongwe ya hapa kwetu, ya 1860, inaponea hapo. Lakini sehemu kubwa ya Mji Mkongwe ilijengwa baadaye, enzi za misafara iliponoga na Wajerumani walipokuja, hasa miaka ile mpaka 1891 mji huu ulipokuwa makao yao kabla ya kuhamia Dar es Salaam. Majengo hayo yanahitaji kutangazwa kwenye Gazeti la Serikali ndipo yalindwe. Nawaomba wenye nyumba waliomo humu wamwone katibu. Ameshika orodha ya yaliyotangazwa.

Fedha sitazigusa, mhazini ana karatasi yake. Niseme tu kwamba gharama ya prufu ya pili imetoka kwenye ada zenu na wala haikutoka kwa wafadhili, na mmoja wa wafadhili ametuaga. ISBN tumekwishaipata kutoka Bodi ya Huduma za Maktaba. Picha za kutoka angani zimepungua hadi nne, kwa sababu ndege nyuki (drone) inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga na chetu kilichelewa. Sijali sana. Nyumba zetu zilijengwa zitazamwe kutoka barazani.

Mzee wetu aliyeugundua ule mlango alitutoka mwezi wa Ramadhani. Kwa ombi la familia simtaji jina hapa. Alikuwa amekwisha kututafsiria maandishi ya milango kumi na saba, kila mmoja kwenye karatasi yake, kwa mwandiko wa wino wa buluu. Tumezipiga skani karatasi zenyewe, na kila moja inakaa ukurasa mmoja na mlango wake.

Yanayohitaji kura yenu leo ni mawili. La kwanza, kila nyumba iliyopigwa picha ipewe nakala bure, hata kama bei ya dukani itapanda. Kamati imegawanyika, mimi naunga mkono. La pili, sura ile iliyokuwa "Magofu" ibaki kwa Kaole peke yake, na zile nyumba tano ziwe na sura yao. Jina la sura bado hatujalipata. Yule bibi amependekeza "Nyumba Zinazopika". Baadhi ya wajumbe wanaona ni utani. Nawaachia.

Limebaki la mwisho. Picha ya ufukwe wakati maji yamekupwa, ngalawa zimelala ubavu na wanawake wakirudi na ndoo, ni mojawapo ya zile zilizogeuzwa, na faili lake la asili limepotea. Inabidi ipigwe upya. Bamvua ni wiki ijayo. Mwenye nafasi tukutane Jumamosi saa tatu asubuhi pale soko la samaki. Njooni na viatu vya kutia majini, pana miba ya urumba, mnyama mdogo wa baharini.