Mwanangu, cheti kwanza

Tanga, Jumapili

Mwanangu mpenzi,

Assalaam alaykum warahmatullah. Sisi wazima, alhamdulillahi. Sukari ya mama yako imeshuka na miguu haimsumbui kama mwezi uliopita.

Jana baba mkwe wako alinipigia. Ni muungwana, sina neno naye. Ila amesema nikahi ifungwe msikitini kwao baada ya Isha, watu wachache, na mambo ya cheti cha ndoa yatafuata. Hilo la kufuata limeninyima usingizi. Nimeshuhudia nikahi nyingi mtaani hapa ambazo cheti kilikuwa kifuate, na hadi leo hakijafika. Ya shangazi yako unayajua, siyarudii.

Mimi ndiye walii wako, msimamizi wa ndoa yako. Sikutishi, nakwambia mapema tu: sitatamka neno la kukuozesha mpaka nimwone shekhe mwenye leseni ya kufungisha ndoa ameketi pale na kitabu chake cha vyeti. Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka taarifa itolewe siku 21 kabla, kwa hiyo muda tunao, tusiuchezee. Najua kwa dini ndoa inatimia bila karatasi, na hata serikali haiibatilishi kwa kutosajiliwa. Lakini siku ya kudai nafaka, yaani matunzo ya mke kwa mumewe, au mirathi, wewe ndiye utakayeambiwa ulete mashahidi. Mashahidi huhama, na wengine hufa.

Uliniambia kwenye simu kwamba kuandikiana ni kukosa imani na mwenzio. Mwanangu, umehitimu chuo cha Qur'ani ukiwa na miaka tisa na jirani zote wakaja kula maulidi, sasa nikuulize: aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani inasema nini? Sura ya Baqara, aya ya 282. Mungu anawaamuru waumini wakikopeshana waandike, na wasichoke kuandika, deni liwe dogo au kubwa. Waumini hao hao, ndugu kwa ndugu. Ikiwa deni linaandikwa, vipi maisha yako?

Na mahari. Umesema unataka msahafu na mswala. Niliposikia nilifurahi, kisha nikakasirika. Mahari ni haki yako wewe, Sura ya Nisaa aya ya 4, si yangu wala ya mama yako, na mimi kilemba, ile zawadi ya baba wa bibi harusi, sikitaki. Ukitaja kidogo kwa kuwa ndicho roho yako inachotaka, Mungu akubariki. Ila usitaje kidogo kwa kuogopa mawifi watasema unapenda pesa. Chochote utakachotaja, kiandikwe kwenye cheti, na kilicholipwa na kilichobaki vitofautishwe.

Kuhusu kazi yako. Kijana anapenda upumzike mkishapata mtoto. Anapenda, au ameshaamua? Muulize mbele ya mtu mzima, si kwenye meseji za usiku. Nafaka ni juu yake hata mshahara wako ukimzidi, na mshahara ni wako; Nisaa hiyo hiyo, aya ya 32, wanaume wana fungu katika walichochuma na wanawake wana fungu katika walichochuma. Siwezi kukuamulia ufanye kazi au ukae nyumbani. Mama yako hakuajiriwa popote, na nyumba hii imesimama kwa mikono yake kuliko yangu, ingawa hati imeandikwa jina langu peke yangu. Hilo nalo nimeshaanza kuuliza ofisi ya ardhi.

Nikupe kisa kimoja, kipo kwenye vitabu vya sheria. Bi Hawa Mohamed aliachwa na mumewe, Ally Sefu, akadai sehemu ya nyumba. Mahakama ya chini ikaona nyumba ni ya mume, kanunua kwa fedha zake. Bi Hawa akakata rufaa hadi Mahakama ya Rufani, na mwaka 1983 Jaji Mkuu Nyalali na wenzake wakasema kazi za nyumbani nazo ni mchango katika kuchuma mali ya ndoa. Kupika, kulea, kutunza nyumba, vyote vinahesabiwa. Wanawake wengi wamepata haki yao kwa hukumu ile. Yeye mwenyewe alitoka mikono mitupu, kwa sababu mumewe aliwahi kumpa fedha za biashara, akazitumia zikaisha, na mahakama ikaona fungu lake ameshalimaliza. Ndiyo maana nakwambia weka risiti. Ukinunua friji, risiti. Ukichangia kiwanja, jina lako liwemo.

Masharti yako nayo yaandikwe kabla ya nikahi. Mtume, rehema na amani zimshukie, amesema sharti linalostahiki zaidi kutimizwa ni lile la ndoa. Sisi Mashafi, wafuasi wa madhehebu ya Imam Shafi, tuna ufinyu kidogo hapo kuliko Mahanbali, wafuasi wa Imam Hanbali. Sharti la kutooa mke wa pili, kwa mfano, kwetu halimfungi mume. Kwa hiyo maneno yake tukayapange na shekhe anayejua, si mimi na wewe tu. Usione haya kuuliza. Wewe unasimama wodini usiku kucha ukiwaamrisha madaktari vijana, leo cheti kinakushinda kukitaja?

Mchumba wako nampenda. Kijana anasali, ana adabu, alinisaidia kubeba magunia bila kuombwa. Kama ni mwema hivyo, karatasi haitamuudhi. Ikimuudhi, nataka nijue sasa.

Mama yako anauliza watu wangapi watatoka Dar, aagize mchele kabla haujapanda bei. Masufuria makubwa tutaazima msikitini, nazi zipo za shambani. Mjomba wako anataka ng'ombe, mimi naona mbuzi watatu wanatosha, mshauri wewe maana mimi hanisikii. Kaka yako asilete mziki wa spika.

Nitumie namba yako ya NIDA, ya kitambulisho cha taifa, na ya kijana, nahitaji kujaza fomu ya taarifa. Nipigie kabla ya Ijumaa, maana baada ya sala nitakwenda kumwona shekhe.

Baba yako