Uchawi wa mwanga nao uwe na kanuni

Mhariri,

Naomba waandishi wetu wa hadithi za kubuni wakitunga uchawi wa mwanga waupe kanuni, sio mchawi ananyoosha mkono tu rangi zinamwagika na kila kitu kinawezekana, hapana. Sayansi yenyewe ipo: Newton alipitisha mwanga wa jua kwenye prizma (kipande cha kioo chenye pembe tatu) miaka ya 1660 zikatoka rangi, nyekundu inapinda kidogo, zambarau inapinda zaidi. Sasa fikirieni nchi ambayo fundi wa nyekundu ana nguvu machweo tu, maana jua likiwa chini bluu inatawanywa na hewa njiani, inabaki nyekundu, ndo maana hata barafu ya Kibo, kilele cha Kilimanjaro, jioni inakuwa ya pinki! Na usiku je, ataazima mwanga wa nani, kwa bei gani? Hizo ndo hadithi tunazotaka jamani.

Msomaji, Moshi