Dawa za kutia nguo rangi ziuzwe na maelezo ya Kiswahili

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua nieleze jambo linalotugusa wengi tunaotia nguo rangi nyumbani, iwe ni vitenge vya batiki vya kuuza au suruali nyeusi iliyopauka ambayo mwenyewe bado anaipenda.

Katika masoko yetu mengi, rangi ya unga hupimwa kwa kijiko na kufungwa katika kimfuko kidogo, pamoja na kostiki soda na haidrosi, dawa mbili zinazoisaidia rangi kushika nguo, bila jina wala onyo lolote. Kinachonitia hofu zaidi ni kostiki soda. Ni nyeupe, haina harufu, na mtu aliyeingia jikoni jioni akaikuta rafuni anaweza kabisa kudhani ni chumvi au magadi ya kulainishia maharage. Ikimezwa huunguza mdomo na koo, na kovu linalobaki linaweza kuziba njia ya chakula. Ikirukia jichoni inaweza kupofusha.

Hata mtumiaji anayeijua kwa jina mara nyingi hajaelezwa namna ya kuichanganya. Maji hutangulia chomboni, kisha soda hutiwa kidogo kidogo, kwa sababu ukiimwagia maji huchemka ghafla na kumrukia aliye karibu. Isitiwe kamwe katika sufuria ya alumini, ambayo ndiyo iliyojaa majikoni mwetu, kwani soda huila alumini hiyo na kutoa gesi inayoshika moto. Ndoo ya plastiki imara inafaa zaidi. Haidrosi nayo ikipata unyevu kidogo hupata joto yenyewe, na moshi wake huwasumbua sana wenye pumu, kwa hiyo kazi hii ifanyiwe uani, glovu zikiwa mikononi.

Upo pia upande wa hasara, ingawa huo ni mwepesi kuliko jicho la mtoto. Rangi hizi hushika pamba, lakini poliesta hazishiki ipasavyo, na hata shati la pamba tupu lililoshonwa kwa uzi wa poliesta hutoka na mishono ya rangi ya zamani. Mnunuzi angeambiwa hayo kabla ya kutoa fedha yake.

Ninaliomba Shirika la Viwango Tanzania, pamoja na waagizaji na wauzaji wa jumla, wahakikishe kwamba hata kifurushi kidogo kabisa kina karatasi ya Kiswahili yenye jina la dawa, namna ya kuichanganya na huduma ya kwanza: jicho lioshwe kwa maji safi yanayotiririka kwa dakika 20 au zaidi, aliyemeza asilazimishwe kutapika, na wote wawahishwe hospitali. Wauzaji wadogo wanaweza kuanza hata kesho kwa kuandika kwa kalamu juu ya kila kifurushi: "Kostiki soda, sumu, si ya kula."

Msomaji wako,
Mtengenezaji wa batiki,
Morogoro